Shemeji alivyokuwa Congo na nyumba ilivyojifunza kukaa bila yeye

Kabla shemeji hajaondoka na jeshi kwenda kulinda amani Congo, yeye na mkewe, dada yangu, walikubaliana kitu kimoja ambacho wote tulikiona cha akili kabisa: kila siku saa tatu usiku ya Dar, ambayo kule Beni, mashariki mwa Congo, ni saa mbili maana wako nyuma yetu saa moja, atapiga au ataandika neno moja tu, "nipo". Mtandao ukigoma basi kesho yake asubuhi. Dada akaseti alamu, akaipa mlio wake peke yake, na ile alamu ndo ikawa inaongoza nyumba, watoto wanajua ikilia hamna kelele, na mimi niliyekuwa nalala sebuleni na godoro langu najua ikilia natoa chaja yangu kwenye soketi nampisha.

Nasimulia kisa chao kwa ruhusa yao. Majina sitaji, kikosi sitaji, na vya chumbani nimeviacha huko huko. Kuna kitu kimoja kinanizunguka kichwani mpaka leo, kwamba yale yote yaliyomsaidia dada kuuvuka ule mwaka ndo hayo hayo yaliyokuja kuwachapa shemeji aliporudi, na kila nikirudia kuangalia nani alikosea simpati.

Ilikuwa 2017, shemeji ni koplo, na jina lake kutoka kwenye listi ya misheni ya UN lilipokelewa nyumbani kama mtu kafaulu mtihani. Mnaokaa karibu na kambi mnajua, mtaani misheni ni bahati, fulani alienda Darfur karudi kajenga, fulani alienda Lebanon karudi na gari. Hatari watu wanaijua ila wanaiweka pembeni. Wote tulikumbuka Julai 2013 vijana wetu 7 waliuawa Darfur, lakini tulikumbuka zaidi mwisho wa mwaka ule ule, ile brigedi maalumu ya UN ya Tanzania, Afrika Kusini na Malawi ilivyosaidiana na jeshi la Congo mpaka waasi wa M23 wakakimbia, kamanda wake wa kwanza akiwa Mtanzania, Brigedia Jenerali James Mwakibolwa. Kwa hiyo ukisema Congo mtu anakwambia ah, si tuliwapiga wale. Ila huko Beni alikokuwa anaenda shemeji adui hakuwa M23, walikuwa ADF, waasi wenye asili ya Uganda, watu wa msituni wanaokuja usiku. Hiyo tofauti sisi raia hatukuwa nayo kichwani kabisa.

Watu wanahesabu misheni kuanzia siku ya ndege. Dada anahesabu kuanzia Msata. Walipelekwa kule kwenye mafunzo, na wikiendi anazorudi alikuwa karudi mwili tu, anakaa kwenye kochi anaangalia bati. Na wiki ya mwisho kabla ya safari waligombana kama hawajawahi, kisa mtungi wa gesi, nani kasahau kununua, maneno yakatoka ya mwaka 2012 huko. Mimi nilijua ndoa imeisha. Baadaye sana dada akaniambia, "mdogo wangu, ule ugomvi ulinisaidia, nilimsindikiza nikiwa nimenuna, ningekuwa nampenda ile asubuhi ningeanguka pale pale". Nimekuja kuwasikia wake wengine wawili wa askari wakisema kitu kile kile kwa maneno yao, mmoja alisema yeye na mumewe huwa wanagombana kila safari na sasa hivi wameshazoea, wanacheka.

Sasa wakati anaaga alifanya kosa moja dogo, na simlaumu maana baba zetu wote wangesema vile. Alimshika kijana wake bega, mtoto yuko darasa la pili, akamwambia, "wewe ndo mwanaume wa nyumba hii sasa", akampa na bunda la funguo mkononi kama utani hivi. Tukacheka. Mtoto hakucheka.

Miezi ya mwanzo ilikuwa ya kufundishwa na maisha kwa nguvu. Dada alikuwa amepanga uraiani, Gongo la Mboto, hakuwa kota, zile nyumba za jeshi, na hili naliona lina uzito kuliko linavyoonekana. Wake wanaokaa kota wana mkondo wao wa habari, mmoja akipigiwa simu na mumewe wote wanajua kikosi kiko salama, chumvi ikiisha kuna mlango wa kugonga, na mtoto akiumwa usiku kuna mtu anajua gari la kambini linaitwaje. Uraiani jirani yako ni muuza mkaa na fundi cherehani, watu wazuri sana, ila hawajui Beni iko wapi, wanakuuliza "mzee yupo Kinshasa eh?". Unabaki wewe na simu yako.

Halafu hela. UN haimlipi askari mkononi, inailipa serikali iliyotoa askari kwa kiwango cha kila kichwa, kuanzia Julai 2017 kikawa dola 1,410 kwa mwezi, na serikali ndo inampa askari chake kwa utaratibu wake. Lakini mtu wa mtaani akishaisikia ile namba anaizidisha kwa bei ya dola, anapata milioni tatu na ushee, na kuanzia hapo anakusalimia kwa heshima mpya. Kadi za michango ya harusi zilikuja nyumbani kwa dada mpaka akawa anazipanga kwenye kikapu cha viazi. Shangazi wa shemeji ambaye hatukuwahi kumuona alikuja kutoka Tabora akakaa wiki tatu, anasubiri "mwisho wa mwezi". Na wengine hawaombi, wananuna tu, ambayo ni mbaya zaidi.

Kulikuwa na kiwanja Chanika, na ujenzi shemeji alimuachia kaka yake asimamie. Hapa nitapita haraka maana ni ndugu. Saruji ilikuwa inaondoka kwenye stoo na ukuta haupandi. Dada alivumilia miezi miwili, wa tatu akapanda bodaboda Jumamosi moja akaenda mwenyewe saiti na daftari la shule la mtoto, akahesabu tofali moja moja, fundi anamwangalia. Jumatatu yake kamfukuza fundi, kamleta mwingine, kamwambia kaka mtu kwa adabu zote kwamba "shemeji, pumzika, nitaendelea mimi". Mwaka mmoja nyuma dada huyo huyo alikuwa hawezi kununua friji bila kumuuliza mumewe rangi. Akaingia kikoba cha wanawake wa pale Mzambarauni, akafungua genge dogo, akamhamisha kijana shule. Kila kimoja nilikiona kikitokea na kila kimoja nilikishangilia, nikimwambia shem hautamjua mkeo ukirudi. Nilikuwa nasema kama sifa.

Alhamisi tarehe 7 Desemba 2017 alamu ililia, simu haikulia.

Hatukushtuka sana, ilishatokea kama mara nne mtandao kugoma. Ijumaa asubuhi kimya. Mchana ndo magrupu ya WhatsApp yakaanza, kwanza sauti ya mtu mmoja anaongea haraka haraka, halafu picha ambazo zingine zilikuwa za miaka ya nyuma nchi nyingine kabisa, halafu majina, orodha za majina zinazopishana, yani mtu anakaa mahali anatunga orodha ya marehemu. Jioni UN wenyewe wakasema: kambi ndogo pale daraja la mto Semuliki, barabara ya Mbau kwenda Kamango, ilivamiwa, mapigano yamekwenda saa kama 13, Watanzania 14 wamekufa (baadaye wakawa 15) na majeruhi wengi. Katibu Mkuu António Guterres akasema ni shambulio baya kuliko yote kwa walinda amani katika historia ya karibuni ya umoja huo. Nakumbuka dada aliuliza swali moja tu, "Semuliki na Mavivi ni mbali?", maana shemeji alishawahi kutaja vyote viwili, kwamba leo yuko hapa, wiki ijayo watazungushwa kule. Mimi nikafungua ramani kwenye simu. Ramani haikusaidii kitu saa kama hiyo, unapima kwa kidole tu.

Ile namba ilipigwa mara ngapi sijui. Kila mara yule mama wa kwenye mtambo anajibu kwa upole wake ule ule kwamba unayempigia hapatikani. Kwenye saa nne usiku nikamkuta dada jikoni anakanda unga, akakaanga maandazi mengi mno, ya kutosha msiba. Nadhani na yeye aliligundua hilo, maana alizima jiko katikati, akayafunika, hakuna aliyeyala.

Jumamosi ilikuwa Desemba 9, sikukuu ya Uhuru. Tivii iko Dodoma, gwaride linapita, wanajeshi wamenyooka, na dada anaangalia miguu yao hata hapepesi. Halafu Rais Magufuli akatangaza msamaha wa wafungwa, wakiwemo wanamuziki Babu Seya na Papii Kocha, na mtaa wetu ukalipuka, watu wanakimbia nje, spika zinafunguliwa, bodaboda zinapiga honi, mama muuza mkaa anacheza barabarani. Mlango wetu umefungwa. Sijawahi kuona furaha ya watu ikiwa nzito vile. Kijana wetu alikuwa amekaa chini nyuma ya mlango na bunda lake la funguo, hakuna aliyemwambia chochote lakini alishajua.

Jumapili saa nane mchana ikaingia namba ngeni ya Congo, ya +243. Sekunde chache tu. "Nipo. Sijaguswa. Usiulize kitu." Ikakatika. Dada alikaa chini pale pale kwenye sakafu ya jikoni, hakulia, akaanza kucheka kile kicheko kisicho na sauti, akaniambia nikatupe maandazi.

Laiti kisa kingeishia hapo. Mtaa wa tatu kutoka kwetu kulikuwa na mama mwingine, mume wake yuko misheni hiyo hiyo, walijuana kwa kusalimiana tu sokoni. Kwake lilikuja gari la jeshi. Dada alienda msibani kama inavyopasa, akaingia ndani kwenye mkeka, na yule mjane akamshika mkono akamuuliza, "wako ameshapiga?" Dada akajibu, "bado".

Alidanganya. Alishapigiwa. Aliniambia usiku ule kwamba lile "ndiyo" liligoma kutoka, angelitamkaje mbele ya yule mama. Tarehe 14 ilipofanyika shughuli ya kuaga miili pale Ngome, makao makuu ya jeshi Upanga, Waziri Mkuu Majaliwa akiongoza, dada hakwenda na hakuwasha tivii. Kwa miezi akawa anazunguka njia ya nyuma kwenda gengeni ili asikutane na yule mama. Watu wakisema "bora wako alipona, mshukuru Mungu", anashukuru, ila kuna aibu ya kupona ambayo hakuna anayekufundisha uiweke wapi. Nikichambua naona hiki ndo kilimvunja kuliko zile siku tatu zenyewe. Siku tatu za kusubiri zilikuwa na mwisho. Lile "bado" halikuwa na mwisho, na aliyestahili kuambiwa ni mtu mmoja tu, na ndo huyo hakuweza kumkabili.

Kitu kingine kilibadilika baada ya Desemba. Shemeji aliendelea kutuma "nipo" kila siku, na lile neno likawa halitoshi tena. Ikifika saa tatu na dakika tano presha inapanda. Mpango uliotengenezwa umtulize ukawa unamtesa, kwa sababu ulishamfundisha kwamba kimya maana yake ni kitu fulani. Kwa mtazamo wangu bora wangekubaliana wiki kwa wiki, au wangeweka mtu wa tatu, mke wa mwenzake kule kota mwenye kupata habari za kikosi kizima. Dada hakubaliani na mimi mpaka leo, anasema bila ile alamu angekuwa kichaa kufikia Septemba. Labda. Mimi sikuwa mke, nilikuwa godoro la sebuleni.

Akarudi katikati ya 2018. Uwanja wa ndege, vigelegele, kamnunulia kila mtu kitenge, tukachinja mbuzi. Binti yao mdogo aliyeachwa hajui kuongea sasa ana miaka miwili na nusu, kaambiwa msalimie baba, akamwangalia yule mtu mrefu, akaenda mbio chumbani akaleta simu ya mama yake akampa, ili aongee na baba. Watu walicheka mpaka machozi. Shemeji alicheka pia, ila niliiona mikono yake haijui ishike simu au imshike mtoto.

Wiki chache baadaye, Agosti mosi, ikatangazwa Ebola kule Kivu Kaskazini, imeanzia Mangina, karibu kabisa na Beni. Basi mtaani ikawa hesabu ya vidole, karudi lini, siku 21 zimepita au hazijapita. Fundi cherehani akawa anamsalimia kwa kupunga mkono kutoka ng'ambo ya barabara. Shemeji alijifanya haoni.

Ndani ya nyumba mambo yalianza taratibu. Usiku wa kwanza alitaka kufunga mlango mwenyewe, kijana akakataa kutoa funguo. Sio utundu, alikataa kwa adabu, "baba, nimeshafunga mimi", na alikuwa amefunga kweli, ile ni ratiba yake, kila usiku anazungukia komeo mara tatu, tangu Desemba ile ndo alikuwa hivyo na tulishazoea. Shemeji akamfokea kwa sauti ya kambini. Mtoto akatoa funguo, akaenda kulala, asubuhi godoro limelowa. Ana miaka minane.

Akakuta genge, akakuta shule mpya na ada yake, akakuta fundi mpya Chanika ambaye akiwa na swali anampigia dada, hampigii yeye. Siku moja alienda saiti na fundi akamwambia "ngoja nimuulize bosi". Alirudi nyumbani kimya. Kaka mtu naye hakulaza damu, alishamfikia kabla yetu na maneno yake kuhusu mwanamke aliyejipa kichwa. Mvua ikipiga bati usiku anaamka, anakaa kitandani mpaka ikatike. Na la kushangaza kuliko yote, akaanza kumdai dada "nipo". Dada akienda Kariakoo kuchukua mzigo wa genge anatakiwa aandike akifika, akitoka, akipanda gari. Akichelewa dakika kumi anapigiwa simu tano. Dada akalipuka siku hiyo, nikiwepo, "mimi siko Congo! Wewe ndo ulikuwa Congo!" Shemeji akajibu kwa sauti ndogo kitu ambacho sikukitegemea, "huko ulijuaje nilichokuwa nasikia wewe usipojibu?"

Kumbe na yeye alikuwa na alamu yake.

Hapa ndo nilianza kuelewa. Sisi nyumbani tulijipanga upya bila yeye kwa sababu hakukuwa na namna, nyumba isingeweza kusimama mguu mmoja mwaka mzima ikisubiri. Kila pengo alilokuwa nalo lilizibwa, na lilizibwa na mtu, mtoto kaziba la ulinzi, dada kaziba la maamuzi, mimi nikaziba la kubeba ndoo na kubadilisha balbu. Yule anarudi na picha ya nyumba ya 2017 mfukoni, anatafuta pengo lake aingie, halipo. Na sisi tunaona amekuja kutupokonya. Ukimuuliza mtu yeyote mtaani tatizo ni nini atakwambia shemeji "kaharibika na vita" au dada "kaota mapembe". Vyote nimevisikia. Ninachokumbuka ni kwamba Machi 2018 UN walitoa matokeo ya uchunguzi wa Semuliki, uliongozwa na Dmitry Titov, na ndani yake waliandika mapungufu ya wazi, mafunzo, uongozi, na kutokuwa na mpango unaotekelezeka wa kuwaongezea nguvu au kuwatoa wale waliovamiwa. Ile habari niliikuta imehifadhiwa kwenye simu ya shemeji siku aliyoniomba nimhamishie picha. Hajawahi kuigusia hata siku moja, na mimi sijawahi kumwambia niliiona.

Aliyetusogeza mbele alikuwa mama mkwe wa dada, bibi wa watoto, alikuja Oktoba kutoka Kagera kutibiwa macho. Mume wake, marehemu sasa, alikuwa vita ya Amin, aliondoka mwisho wa 1978 na kurudi katikati ya 1979. Kwa muda wote huo bibi alipata barua moja. Alikuwa anasikiliza Redio Tanzania kwa jirani mwenye redio, wakitaja mji umetekwa anajua jeshi limefika wapi, ila mumewe yuko wapi hajui, na Kampala ilipoanguka Aprili watu wanaruka yeye akaenda kuchota maji. Dada akamuuliza, mama ulikuwa unavumilia vipi bila simu? Bibi akamshangaa, akasema yeye haelewi wenye simu wanavumilia vipi.

Halafu akasimulia kitu kuhusu siku mzee aliporudi. Bibi alikuwa amefungua shamba jipya la maharage peke yake upande wa bondeni, mipaka anaijua yeye. Mzee akaja akaanza kukata kata na kupangua. Akamwachia siku mbili, ya tatu akampeleka ng'ambo kwenye kipande ambacho hakijaguswa, akampa jembe, akamwambia hiki chako, anza, ukimaliza utaniuliza habari za hiki kingine. "Sikumpa nyumba yote siku moja. Asingeiweza. Na mimi nisingeweza kuitoa."

Sitaki kusema lilikuwa suluhisho. Lilisaidia kiasi. Dada akamwachia paa la Chanika, lote, mbao, bati, fundi wake, hela yake, na yeye akajizuia kwenda saiti mwezi mzima, nilimwona anavyoteseka. Genge halikujadiliwa, lilibaki lake. Kuhusu funguo, shemeji mwenyewe ndo alitafuta njia, alimwomba kijana, akaomba kweli kama mtu anayeomba kazi, ampe zamu ya mlango wa jikoni tu. Kijana akafikiria. Akautoa ufunguo mmoja kwenye bunda. Mlango wa mbele aliendelea kuufunga yeye mpaka alipoanza darasa la tano, siku moja akasahau tu, akalala, na hakuna aliyemkumbusha.

Za "nipo" hazijaisha mpaka leo, zimepungua. Yule mjane alihama mwaka uliofuata, akarudi kwao Tanga. Dada alimfuata siku ya kuondoka, akamsaidia kufunga vyombo, na akamwambia lile la "bado". Yule mama akamwambia alijua siku ile ile, ilionekana usoni, na ndo maana hakumuuliza tena.

Desemba 2023 SADC, jumuiya ya nchi za kusini mwa Afrika, ilipopeleka jeshi Congo, Tanzania ikiwemo, shemeji jina lake halikutoka na wala hakulitafuta. Lakini wenzake wadogo walienda, na dada sasa anakaa nyumba yake Chanika, wake wa wale vijana wana namba yake. Hakuna aliyempa hiyo kazi. Mwisho wa Januari 2025 M23 walipoingia Goma, simu yake haikulala. Nilikuwa kwao usiku ule. Binti mmoja ana mimba ya kwanza, mume wake hapatikani tangu juzi, analia mpaka haeleweki, na dada hamwambii mshukuru Mungu wala hamwambii atapiga tu. Anamuuliza umekula? Nani yuko hapo na wewe? Mpe simu niongee naye. Toka kwenye magrupu yote mpaka asubuhi, mimi nitasoma kwa niaba yako.

Shemeji alikuwa kwenye kochi, tivii kaizima. Bando la dada likakata katikati ya sentensi. Alichukua simu yake mwenyewe, akabonyeza bonyeza, meseji ya salio ikaingia kwa dada, na yeye akaenda jikoni kubandika chai maana ilionekana usiku utakuwa mrefu.